Mpishi wa Kwenye Karatasi ya Karanga

Mimi karanga sitafuni. Meno ya nyuma yalishaondoka, na haya ya mbele nayatunza ya kuchekea. Sasa ukisikia kwamba nilikaa kwa binti yangu Manundu, hapo Korogwe, nikawa nanunua karanga asubuhi na jioni mpaka wajukuu wakiniona na pakiti wanakimbia, ujue palikuwa na jambo.

Nililetwa kwa ajili ya goti. Kwangu ni Mazingara, Handeni, nina mahindi yangu, nina mbuzi wangu, nina na jirani wa kugombana naye. Binti akaja kunichukua, daktari akanitazama goti, akasema bibi, ukae, upumzike. Kaa! Mtu nimelea, nimezika, nimelima, naambiwa kaa kama mtoto anayengoja uji upoe. Siku ya kwanza nilikaa kidogo nikainuka kufagia ua. Ua ulikuwa umeshafagiliwa. Siku ya pili nikaenda kusimama getini kuangalia bodaboda zinakopeleka watu. Binti akipita: "Mama, kaa basi." Nakaa. Akigeuka, nimesimama.

Pale getini ndipo alipokuwa anapita mama muuza karanga, sinia kichwani, mdomo haupumziki, mtu wa aina yangu kabisa. Mifuko ya plastiki si imekatazwa? Basi yeye anachana ukurasa wa kitabu, anauzungusha unakuwa kama pembe, anamimina karanga humo. Nilinunua ili nipate mtu wa kuongea naye tu. Karanga nikawapa watoto, karatasi ikabaki mkononi.

Shule mimi nilichungulia tu. Lakini kisomo cha watu wazima kilipokuja kijijini kwetu nilikwenda, nikajua kuunganisha herufi. Nasoma polepole, midomo ikitembea kama ya mbuzi. Nikaikunjua ile karatasi, nikasoma.

Ilikuwa habari ya meli. Meli ya Wazungu imerudi bandarini kwao, imetoka Ncha ya Kusini, kwenye barafu. Watu wamekonda, ndevu zimewafika kifuani. Wake zao wanalia, watoto wanawaogopa. Na pale gatini kuna mama mmoja mzee, mama yake mpishi wa meli, anamuuliza kila anayeshuka, mwanangu yuko wapi. Kitabu kikasema hivi: kila aliyeulizwa alivua kofia. Chini yake wameandika, kwa herufi kubwa, MWISHO.

Mwisho vipi? Nikaigeuza karatasi, nikaitikisa. Mama wa watu mnamwacha amesimama gatini, mnasema mwisho?

Nikamfuata binti jikoni. "Eti, hawa watu wametoka kusini. Mbona wanasema barafu? Kusini si kwenye korosho huko, Mtwara?"

Binti alicheka mpaka akashika meza. "Mama, hiyo kusini ipo huko mbele, zikishakwisha kusini zote. Ni barafu tupu. Hakuna mti, hakuna nyasi."

"Sasa mpishi anapikia nini?"

"Mimi nitajuaje?"

"Na mwanaume akivua kofia maana yake nini?"

"Amesikia joto."

Nikaona ndiyo. Mtu katoka kwenye barafu, kafika kwao, lazima atoe jasho. Moyo ukatulia kidogo. Nikasema mpishi yumo ndani ya meli anakusanya vyombo. Si ndivyo? Kwenye shughuli yoyote, wa jikoni ndiye anayetoka wa mwisho, na masufuria yake.

Lakini kutulia kwangu mimi ni kwa muda mfupi. Jioni yake nikawa getini kabla sinia halijafika. "Nipe karanga, na unipe karatasi inayofuata."

"Inayofuata ipi, bibi?"

"Ya kitabu!"

Akanionyesha. Kitabu kizee, alikipata kwenye mzigo wa magazeti ya kufungia. Anachana kutoka nyuma, kwa sababu mbele, anasema, jalada limegandana na kurasa. Kwa hiyo habari ile mimi niliipata kinyumenyume, kama mtu anayerudi shambani kuangalia alikodondosha khanga. Kila nikinunua karanga, wale wanaume wanazidi kunenepa. Ndevu zinafupika. Meli inarudi nyuma, inaingia tena kwenye barafu.

Na mpishi hayupo. Kwenye karatasi za safari ya kurudi, wanajipikia wenyewe. Wameunguza uji, wakaula hivyohivyo, hakuna aliyelalamika. Hilo ndilo lililonitia wasiwasi. Wanaume waule uji ulioungua bila kusema neno? Hapo pana kitu.

Siku hizo hata chakula kilikuwa hakinipiti vizuri. Naamka nawaza, mama yake yule bado amesimama pale. Siku moja binti alinikuta nimeinamia friza lake analogandishia barafu za kuuza, mkono nimeuingiza mpaka kwenye kiwiko.

"Mama! Unatafuta nini humo?"

"Natafuta wanavyosikia."

"Nani?"

"Watu wa kusini."

Akanitoa mkono, akaufuta kwa khanga yake, ananitazama kama anatazama mgonjwa. Vidole vilikuwa vimekufa ganzi. Sikumwambia, lakini nilitaka kulia. Mpishi wa watu anamenya nini na vidole kama hivi?

Ikaja siku ya kurudi hospitali kuonyesha goti. Nilivyofika jioni nikakimbilia getini, kukimbia kwangu huku kwa kuchechemea, nikapewa karatasi. Nisome, mpishi huyu hapa! Mzima! Anakanda mkate, anawasha jiko kwa mafuta ya sili, yule mnyama wa baharini huko. Anamchapa mtu mkono kwa mwiko asidokoe. Nilifurahi nikapiga kigelegele, majirani wakatoka. Kisha nikasoma chini: watu wawili walikuwa wamekwenda mbali kupima barafu, upepo mkali umewakamata huko, hawajarudi, na mpishi anachungulia nje kila mara.

Basi. Mara yuko, anachungulia. Karatasi niliyosoma jana yake, hayuko. Katikati pana karatasi moja, nayo imeuzwa asubuhi mimi nikiwa hospitali nanyooshwa goti.

"Asubuhi uliuza kwa nani?"

"Bibi, nauza karanga, siulizi watu habari zao."

"Fikiri, mwanangu."

Akafikiri, mkono kiunoni. Hata yeye kwa wakati ule alikuwa ameshashikwa na habari hiyo, maana kila siku namsimulia. Akasema, "Kwa kweli wengi nilifungia gazeti. Kitabu nilimchania yule mzee wa duka, Old Korogwe."

Kesho yake binti kaenda sokoni, nami nikaenda zangu. Goti linapiga kelele, nikaliambia wewe nyamaza, umeshatibiwa. Nikapanda bodaboda mpaka dukani.

Mzee wa duka ni Mhindi, Mwislamu mwenzetu, kazaliwa hapohapo Korogwe kama baba yake, Kiswahili chake kimenyooka kunishinda mimi. Tulikuwa tunalingana nywele.

"Shikamoo, bibi."

"Aa, usinizeeshe. Mimi ndiye wa kukuamkia wewe."

"Basi tuache, tusije tukaulizana umri bure. Nikupimie nini?"

"Nataka karatasi uliyofungiwa karanga jana."

Alivua miwani, akaivaa tena. Nikamweleza: mpishi, meli, mama yake gatini. Yeye akatazama chini ya mizani. Karatasi yangu ile pale! Kaikunja mara nyingi, kaisukumiza chini ya mguu wa mizani uliokuwa unacheza.

"Nikiitoa," akasema, "mizani itainama, watu waseme napunja."

"Wameshasema."

Akacheka mpaka akakohoa. Akakata kipande cha boksi, akakiingiza, akaitoa karatasi. Ilikuwa imelowa mafuta, upande huu unauona upande ule. Mimi macho yalishindwa. Nikamwambia nisomee wewe.

Akasoma. Mpishi alisema wale wawili huko waliko watakuwa na njaa. Wenzake wakamkataza. Akajaza supu kwenye sufuria, akatoka nayo kwenye upepo ule. Jioni wale wawili wakafika kambini. Wamebeba sufuria. Walilikuta njiani, limesimamishwa vizuri kwenye theluji, limefungwa kwa koti. Koti lake yeye. Supu ilikuwa bado na uvuguvugu. Walimtafuta mpaka wakachoka, hawakumwona.

Mimi nikasema, "Lakini walivua kofia kwa joto. Mama yake alipowauliza."

Akagusa kofia yake ya kitambaa. "Mimi hii siivui hata nikiamkia mkubwa. Lakini wenzetu wale, bibi... Nikiwa mdogo baba alinichukua tukapeleka mzigo kwenye shamba la mkonge. Mzungu meneja alikwenda nyumbani kwa mke wa fundi wao mmoja. Akasimama mlangoni, akavua kofia, akaishika hivi kifuani. Hajasema kitu. Yule mama akaanguka palepale."

"Kwa hiyo kofia ndiyo habari yenyewe."

"Ndiyo habari yenyewe."

Nilirudi Manundu sikumbuki njia. Nilikuwa nimekasirika, na nikikasirika natembea, kwa hiyo nilishuka kwenye bodaboda kabla ya kufika nikaenda kwa miguu. Huzuni ilikuja baadaye. Hasira yangu ilikuwa ile ya kumwambia mama amesimama. Sisi Mazingara hatufanyi hivyo. Habari ya msiba hupelekwa na watu wawili au zaidi. Mnafika, mnaamkia, mnaomba maji hata kama hamna kiu. Mwenyewe anakalishwa chini, mwanamke mmoja anakaa naye bega kwa bega, ndipo linasemwa. Kwa sababu aliyesimama ataanguka, na chini ni mbali. Yule mama kazungushiwa kofia na wanaume wote wa meli, na hakuna hata mmoja aliyemtafutia kigoda.

Muuza karanga alinikuta getini. Akaanza kupiga kelele toka kule kona. "Bibi! Umempata mpishi wetu?"

"Tua sinia kwanza."

"Si useme tu, nina wateja."

"Tua sinia, mwanangu."

Akaniangalia usoni. Akatua. Nikamwambia mjukuu alete mkeka, alete na maji. Binti alikuwa ametoka sokoni, akachungulia mlangoni, akatukuta. Nikamkalisha yule mama kwenye mkeka, nami nikajishusha pembeni yake, goti likilia, bega langu kwenye bega lake. Binti akabaki na kikapu mkononi. Nadhani tangu nifike Korogwe hakuwa ameniona nimekaa bila kuambiwa.

"Kunywa maji," nikasema.

Akanywa. Akanirudishia kikombe, nami nikanywa.

"Mpishi wetu," nikasema, "alitoka kuwapelekea wenzake supu."