Jasusi Aliyeomba Radhi

Nilipoolewa Tororo, Uganda, kutoka Busia ya upande wa Kenya, wakwe zangu walinipokea vizuri, ila walinicheka nilivyosema. Nikisema "mguu wangu unauma," mawifi wanashika mbavu. Wao husema "mguu yangu inauma," na mguu unapona vilevile. Miaka ikapita, nikazaa, nikalima nao shamba la Merikit, na bado sokoni naitwa "yule wa ng'ambo." Iliniuma, sitasema uongo.

Basi mtafsiri wa kibanda cha video alipohamia Kampala, nilimwendea mwenye kibanda mbio. Kwetu filamu haitazamwi hivihivi. Mtu hukaa na maikrofoni kando ya skrini akawasemea wazungu wote kwa Kiswahili, wanaume, wanawake, hata mbwa. Mwenye kibanda ni Hajati, mjane, wanawe ni madereva wa malori, na ulimi wake usiombe. Aliniambia kazi hiyo haijawahi kushikwa na mwanamke, tena Kiswahili changu kinawakwaza watu. Nikamwomba filamu moja tu. Akakubali: watu wakianza kutoka kabla haijaisha, nirudi sokoni kuuza mitumba yangu na tusisumbuane tena.

Filamu akachagua mwenyewe, nadhani kwa makusudi. Ya Kirusi, ya vita, na maandishi ya Kiingereza yanakimbia chini utadhani yanafukuzwa. Makachero wa jeshi wanazunguka msituni kuwasaka majasusi wa adui waliovaa sare za jeshi hilohilo. Niliitazama nyumbani mpaka mume wangu akauliza kama nimeolewa naye au na Warusi.

Jumamosi mchana kibanda kikajaa, nami mwanzo tu nikaharibu. Makachero wanatokea kichakani, wanamsimamisha mtu mwenye begi, nikatafsiri: "Simama! Lete kipande, nione jina lako! Umebeba nini?" Lo! Kibanda kizima kikaguna. Nilikuwa nimesahau niko wapi. Huku mpakani, nani hajapita njia ya panya na mfuko wa sukari kichwani, na nani hajasimamishwa kwa maneno hayohayo? Watu wote wakawa upande wa jasusi. Wakawa wanamwelekeza apite mtoni, waume kwa wake, na mama mmoja wa Iyolwa akamwombea kwa Mungu. Makachero wangu wamegeuka watu wa ushuru, na mtu wa ushuru hana shabiki. Wanaume wawili karibu na mlango wakainuka, wamechoka kuona jasusi wao anasumbuliwa. Hajati akakunja mikono kifuani akaniangalia.

Niliogopa hasa. Nikajiambia, mwanamke wewe, hawa makachero lazima wawe na kwao. Ikafika mahali kachero mzee, ameumia, anabisha hodi kwa mwanamke mkulima ambaye vita vimemmalizia watoto. Maandishi yalikuwa yanasema habari za amri ya makao makuu. Nikayaacha yapite. Nikamsemea yule mzee kwa maneno ya baba mkwe wangu: "Mama, mimi natoka mbali. Mguu yangu inauma. Nipe maji tu, halafu nakwenda."

Watu wakacheka, kisha wakatulia. Mwanamke akamkaribisha, nami nikamtolea sauti ya wifi yangu mkubwa, nikamuuliza mzee kama amekula. Wale wawili wakarudi kukaa.

Mzee akaondoka, na jasusi akafika nyumba ileile. Sare safi, tabasamu tele. Nilihitaji sauti ya mtu laini asiyejulikana anatoka wapi, na sikuwa na nyingine. Nikampa Kiswahili changu mwenyewe, kile cha shuleni kilichonyooka: "Shikamoo, mama. Naomba radhi kwa usumbufu. Je, umewaona wanajeshi wowote wakipita hapa? Nami naomba maji ya kunywa."

Mzee mmoja wa benchi la mbele kibandani, mkulima, akasimama akanyoosha kidole.

"Huyu si mtu ya hapa."

Nilijua ananisema mimi. Nimezika nao, nimezaa kwao, na leo naambiwa mbele ya kibanda kizima. Machozi yakanilengalenga, na kwenye skrini midomo ya Warusi ikaendelea kucheza bila mtu wa kuisemea.

Mzee akageuka upande wangu.

"Binti yangu, mbona umenyamaza?" akasema. "Huyo tumemjua. Ambia mama yetu asimpe maji."

Nikafuta macho kwa kanga. Yule mwanamke alikuwa tayari anafungua mdomo, maandishi yanasema sijui nini, sikuyasoma. Nikamsemea yaliyonitoka.

"Maji imekwisha. Pita."

Kibanda kililipuka kwa shangwe. Hakuna aliyetoka mpaka jasusi wa mwisho alipokamatwa, na yule mama wa Iyolwa ndiye aliyepiga makofi mengi kuliko wote. Hajati alikuja kuzima mashine, akachukua maikrofoni mkononi mwangu, akaifuta kwa ncha ya mtandio wake, akanirudishia.