Shahidi Aliyetajwa kwa Fahali

Mume wangu Ekeno alikuwa shushushu wa serikali miaka mingi, lakini nyumbani hakuweza kuficha hata zawadi ya Krismasi. Aliporipoti kwamba visima vya ukame vimelipiwa na havijachimbwa, wakubwa wake wakamwambia afunge mdomo. Akaacha kazi, tukarudi Lodwar, akaandika kitabu.

Siri yenyewe aliipata kwa Lokorio wa Kakuma, dereva wa lori la mashine ya kuchimba. Mashine ilipelekwa porini, ikapigwa picha, ikarudishwa. Basi! Kitabuni Ekeno alimficha Lokorio: hakutaja jina, kazi wala mji. Akajigamba kwamba hata mimi nisingemtambua.

Kitabu kilipotoka nilikisoma huku nakaanga samaki. Nikafika mahali alipoandika kwamba shahidi wake alipenda kumwimba fahali wake mwekundu, mwenye baka jeupe jichoni na pembe ya kushoto iliyokunjwa mbele.

"Ekeno! Umemuua mtu!"

Kwetu mwanamume humwimba fahali wake arusini na ngomani, na watu humwita kwa fahali huyo. Jina la kitambulisho ni la askari na daktari. Mturkana mzima, anaficha jina kama mtu wa Nairobi!

"Nilitaka kumpa heshima kidogo," akasema.

Samaki wakaungua. Tulimpigia Lokorio, simu imezimwa. Tukakodi gari hadi Kakuma, mimi nikigombana na mume wangu nusu ya njia, nusu nyingine nikimwomba Mungu. Wale wezi wana pesa, na mtu kupotea ni jambo rahisi.

Tulimkuta hotelini kwa Inès, mama Mkongomani, anakunywa chai. Mzima!

"Ejok," akatusalimu. "Simu yangu iliingia maji. Kaeni."

Ekeno akaanza kuomba radhi, Lokorio akamkatiza. Inès alikuwa amemsomea kitabu chote, na wiki nzima watu walikuwa wakimuuliza kama ni yeye. Jana wachunguzi wa visima, walioletwa na kelele za kitabu, walipokuja barazani, akasimama, akamwimba fahali wake mbele ya umati, kisha akawapeleka kila mahali mashine ilipopigwa picha.

"Na wakikudhuru?" nikauliza.

"Shemeji, mficha uchi hazai. Nilipokuwa sijulikani, wangenizika porini na nani angeuliza? Leo nikikwaruzwa tu, Kakuma nzima inajua ni nani." Akamgeukia Ekeno. "Ila umenikosea. Umeandika shahidi alikuwa akitetemeka alipokusimulia. Mimi? Aliyetetemeka siku ile ni wewe."

Ekeno akacheka, kisha akalia mbele ya wateja wote, yeye aliyefundishwa kutoonyesha uso. "Ni kweli," akasema. "Ni mimi."

Nikamshika mkono. Ulikuwa umetulia.