Manukato ya Bondeni

Nilipoolewa Rugera, nilimkuta wifi yangu ndiye mwanamke anayenukia kuliko wote kanisani. Alikuwa na vichupa vyake vya dukani, na kila Jumapili alikaa karibu nami makusudi. Mimi nilinukia moshi wa jikoni.

Chini ya kibanja chetu cha migomba kuna kijito, na kando yake vichaka ambavyo hakuna aliyewahi kuvilima kwa sababu ya mawe. Humo yasmini mwitu imetambaa juu ya miti mpaka kileleni. Mvua zikianza, maua yake meupe hufunguka, ukayanusa kabla hujayaona. Jumamosi moja nilikwenda kuteka maji, nikachuma maua tele na kuyatandaza katikati ya vitenge vyangu sandukuni.

Kesho yake kanisani wifi aligeuza shingo mara tatu kabla ya mahubiri. Tulipotoka akaniuliza ninapaka nini. Nikamwambia ni manukato ya madukani mjini Nkwenda, yanatoka Uganda, ila jina lake nimelisahau. Wiki ile alipanda bodaboda hadi Nkwenda, akanusa vichupa duka baada ya duka, akarudi anapiga chafya. Nilimhurumia kidogo, halafu nikachuma tena.

Jumamosi ya nne nilikuwa nimesimama juu ya jiwe, mikono imejaa maua, nikasikia mtu anakohoa nyuma yangu. Alikuwa mama mkwe na mzigo wa kuni. Nikateremka, nikamwamkia shikamoo kwa sauti ndogo. Alitazama maua, akanitazama mimi.

"Kumbe Nkwenda siku hizi imehamia huku," akasema.

Nikaanza kujieleza. Akanikatiza, akatua kuni, akakunjua pindo la khanga yake.

"Niwekee na mimi. Na binti yangu asijue."

Jumapili hiyo wifi alikaa katikati yetu. Alinusa kulia, akanusa kushoto, ibada nzima. Njiani alimuuliza mama yake yale manukato kayapata wapi. Mama mkwe, ambaye ni mzee wa kanisa, alijibu bila kupepesa macho kwamba zawadi ya mkamwana haichunguzwi.

Mvua zilipokatika, maua yalikwisha. Wifi akadhani kichupa kimeisha, akataka twende Nkwenda pamoja. Hapo nikashindwa kuendelea na uongo, nikampeleka kichakani nikamwonyesha. Hakunisemesha siku tatu. Siku ya nne alikuja na jembe, akachimba mche, akaupanda nyuma ya jiko lake na kuuzungushia miiba ili nisiuguse.