Nilimtumia Mdogo Wangu Sauti ya Marehemu Ili Acheze

Kosa ni langu. Nalisema mapema, kwa sababu huko mbele utakutana na watu walionigeuka na utataka kuwalaumu wao. Walaumu, wanastahili! Lakini aliyeanza ni mimi, na aliyeumia zaidi si mimi.

Ninaishi Brooklyn Park, na kazi yangu ni kufunga maboksi kwenye ghala moja kubwa kule Shakopee. Ni Mkongomani niliyekulia kambini Kigoma. Wazazi wetu waliuawa vitani, tukabaki mimi na mdogo wangu wa kiume, tukalelewa na mama yake mama. Sisi bibi tunamwita Koko.

Mdogo wangu alipewa jina la marehemu babu, kwa hiyo Koko akawa anamwita "mume wangu" tangu akiwa na meno mawili. Akilia, mume wangu ana hasira leo. Akianguka, mume wangu amelewa. Tulicheka sana na utani huo, lakini ulikuwa na uzito wake. Katika ukoo wetu mjukuu wa namna hiyo ndiye anayetupa udongo wa kwanza kwenye kaburi la bibi yake. Kama yuko mbali, wazee wanangoja kwanza aseme neno, ndipo wanazika.

Tulipopata safari ya Amerika nilikuwa na miaka kumi na tisa, yeye sita. Tulikuja na Mjomba, mtoto wa Koko mwenyewe. Faili la Koko likabaki nyuma, watu wa uhamiaji wakasema bado linaangaliwa. Liliangaliwa mpaka akafa!

Tulifikia kwenye nyumba za kupanga kule New Hope, na nyuma yake palikuwa na uwanja wa besiboli. Huko ndiko mdogo wangu alikopotelea. Mimi mchezo wenyewe sikuuelewa: mmoja anarusha, mmoja anapiga kwa gongo, wengine wamesimama tu. Yeye akawa wa kusimama mbali kuliko wote, kule nyuma kwenye majani. Kazi yake ni kuikimbilia mipira iliyopigwa juu na kuidaka kabla haijagusa chini. Miaka kumi na mbili nilimpeleka mazoezini, nikitoka kazini na mgongo unauma, nikisinzia kwenye maegesho mpaka amalize.

Alipomaliza shule akachukuliwa na timu ya kulipwa. Nikampigia Koko kumweleza.

"Wanamulipa afanye nini?"

"Asimame kwenye majani, Koko, angoje mpira."

"Kusimama na kungoja?" Akacheka mpaka akakohoa. "Basi miye hapa kambini wangekuwa wamenitajirisha zamani!"

Huyo ndiye Koko wangu. Usimsahau.

Usidhani basi kwamba kulipwa ni kutajirika. Miaka sita alizungushwa kwenye timu ndogondogo, miji ya Iowa na Kansas, analala kwenye basi, anakula mkate na siagi ya karanga. Kila mwaka wenzake wanakatwa, yeye anabaki. Mwishowe wakampandisha mpaka timu ya Saint Paul, karibu na nyumbani kabisa. Hapo ilibaki ngazi moja tu, timu kubwa, ambayo uwanja wake uko Minneapolis, ng'ambo ya mto. Nyumbani kwangu hiyo timu tuliacha hata kuitaja, tukawa tunasema "kuvuka mto". Watoto wangu Kiswahili wanakisikia na kukijibu kwa Kiingereza, lakini hilo walilisema kama lilivyo: "Mama, when is uncle going to vuka mto?"

Sasa nikueleze jinsi sauti zilivyokuwa zinakuja. Kila siku ya mechi, Koko alirekodi maombi kwenye simu ya Mama Mdogo, yaani mdogo wake marehemu mama yetu, aliyekuwa akiishi naye kambini. Mama Mdogo ananitumia mimi, mimi namtumia mdogo wangu. Namba yake hatukuitoa kwa watu wa kambini, wasije wakamchosha na shida zao, na mimi ndiye niliyetaka iwe hivyo. Mlango wa kumfikia nilikuwa mimi. Nilijivunia, nisikufiche!

Alikuwa akisikiliza garini kabla ya kuingia uwanjani. Aliamini kwamba bila sauti ya Koko miguu inakuwa mizito. "Yaya, Koko ametuma?" Kila mechi swali ni hilo. Yaya ni mimi, dada mkubwa.

Kiangazi cha mwaka juzi mchezaji mmoja wa timu kubwa akaumia goti. Kocha akamdokeza mdogo wangu kwamba wakubwa watakuja Saint Paul kumtazama, basi wiki hiyo acheze kama hajawahi kucheza.

Jumatano ya wiki hiyohiyo, saa ya chakula, nimekaa garini nje ya ghala, Mama Mdogo akanipigia. Koko amefariki. Homa ya siku mbili tu.

Nililia nikiupiga usukani mpaka honi ikalia na watu wakageuka. Kisha nikampigia Mjomba. Na unajua tulizungumza nini? Si namna Koko atakavyozikwa. Tulizungumza mechi!

"Tusimusumbue sasa," Mjomba akasema. "Amalize match zake kwanza."

"Mjomba, ni Koko huyu."

"Ni mama yangu! Mimi njo nimefiwa kuliko weye. Lakini akijua, ata-focus namna gani? Six years, yote ipotee wiki moja? Koko mwenyewe angekatala."

Nilitaka kuambiwa hivyo, nikakubali upesi mno. Na kwetu kumficha mtu msiba kwa muda mfupi si ubaya. Mtu akifiwa hatumwambii kwa simu, wala akiwa kazini, wala akiwa barabarani. Tunangoja afike nyumbani, watu wakusanyike, mchungaji awepo, aambiwe akiwa amekaa na amezungukwa na wenzake. Ni jambo la saa chache. Sisi tukalifanya la siku tisa!

Kule kambini hakuna pa kuhifadhi maiti. Mama Mdogo akaniuliza, "Mume wake anasema nini? Wazee wanangoja neno lake."

Nikajibu kwa jina lake. Nikasema, "Amesema muzike tu. Yeye ana mechi."

Sikumuuliza mtu. Yalinitoka kinywani kirahisi, kama mtu anayetaja bei sokoni. Koko akazikwa Alhamisi, udongo wa kwanza ukatupwa na Mama Mdogo, na mimi nikatazama kwenye simu nikiwa nimejifungia choo cha kazini. Huku kulikuwa asubuhi. Mwenye neno alikuwa amelala kwake, anapumzika kwa ajili ya mechi ya jioni.

Mchana akaniandikia, "Yaya, Koko ametuma?"

Nikatafuta sauti ya mwaka uliopita. Nikachagua isiyotaja mji wala ugonjwa wa mtu, nikamtumia. "Mume wangu, Bwana akupe miguu ya swala. Na uvae sweta." Koko aliamini kwamba huku theluji inaanguka mwaka mzima.

"Eti sweta, in July!" akanijibu, na vicheko vingi.

Jioni hiyo alikimbia mpaka ukutani akaruka, akaudaka mpira ambao kila mtu alishauhesabu umepotea. Uwanja mzima ukasimama. Na mimi nikasimama. Nilipiga makofi nikiwa mfiwa, kando ya Mjomba naye akipiga makofi!

Mechi nne, sauti nne za zamani. Baada ya ya nne akanipigia akipiga kelele. "Yaya, navuka mto! Ijumaa! Call Koko, mwambie yeye wa kwanza!"

Nikasema nitamwambia.

Mjomba akapanga kwamba tumwache acheze hiyo Ijumaa, halafu Jumapili baada ya ibada tumketishe nyumbani kwa Mjomba tumwambie, mchungaji akiwepo. Watu wa kanisa tulikuwa tumewaapisha wote. Nasema wote, lakini Mama Furaha wa kwaya alikuwa Iowa kwa binti yake. Habari ya kifo ilimfikia kwenye simu. Habari ya kiapo haikumfikia.

Na kuna kitu tulichosahau, sisi wenye akili nyingi. Kwetu huwezi kukutana na mfiwa ukapita kimya. Lazima umpe pole, hata kama umemkuta juu ya mti!

Ijumaa tulijaza mistari miwili ya viti upande wa kushoto, karibu na pale anaposimama, maana mchezaji wa nyuma yuko karibu na watazamaji kuliko na wenzake. Zamu ya tatu ilipoanza, mdogo wangu akaja akikimbia polepole kwenye nafasi yake. Mama Furaha, aliyekuwa amechelewa kufika, akashuka hadi ukutani kabisa akamwita kwa ile sauti yake ya kwaya.

"Baba! Pole sana na kifo cha Koko! Mungu akutie nguvu!"

Niliona mgongo wake ukisimama. Akageuka, akatutafuta kwenye viti, akanipata mimi. Nilijaribu kutengeneza uso. Haukutengenezeka.

Gongo likalia kule mbele. Mpira ukaja juu, mwepesi, wa kumlisha mtoto. Watu wakapiga kelele. Yeye alikuwa bado ananitazama mimi, na mpira ukaanguka hatua nne nyuma yake, na mpigaji akakimbia akazunguka akapata alama. Akazomewa na uwanja mzima.

Kocha akamtoa. Baada ya siku tatu wakamrudisha Saint Paul, na msimu ulipokwisha wakamkata. Ng'ambo ya mto alikaa siku tatu, na kucheza alicheza zamu mbili na nusu. Miaka yote ile!

Lakini hilo silo lililotutenganisha. Ngoja.

Mechi ilipokwisha tulimngoja nje, familia nzima. Akaja na begi begani.

"Alikufa lini?"

"Jumatano," nikasema.

"Which Wednesday?"

"Ile ingine."

Akatoa simu. Akahesabu kwa kidole. "So hizi zote... Yaya, nilikuwa nazijibu. Kila moja nilisema amen. Nilikuwa nasema amen kwa mutu amezikwa?"

Nikamgeukia Mjomba, mkubwa wetu, aseme. Yeye ndiye aliyesema tumwache. Yeye ndiye aliyepanga Jumapili. Mjomba akakohoa, akamshika mdogo wangu bega.

"Dada yako njo alituapisha tusiseme. Mimi nilifikiri yeye amekwisha kukuambia."

Nilihisi nimepigwa na kitu. "Mjomba!" Akatazama viatu vyake. Nikawatazama wengine, watu niliokula nao, waliokuwa wakinitumia meseji kila siku kwamba nimefanya vema, nisikate tamaa. Kila mmoja akatikisa kichwa kwa huzuni, kana kwamba nao wamelisikia jambo hilo leo! Sijawahi kuachwa peke yangu katikati ya watu wengi hivyo.

Mdogo wangu akachukua simu ya Mjomba, akampigia Mama Mdogo palepale, akiomba kusamehewa kwamba hakujua. Sauti ikasikika hadi kwangu. "Hukujua nini? Si ulituma neno kwamba tuzike tu, kwamba una mechi? Wazee wote walisikia."

Akakata simu. Hakunipigia kelele. Alisema tu, "You talked for me." Akaondoka, na kesho yake nikakuta namba yangu imefungwa. Sasa yuko timu ndogo ya jimbo lingine, kwenye mabasi tena. Watoto wangu anaongea nao. Mimi nikiingia chumbani, wanaaga na kukata.

Hayo yote watu wanayajua. Hili la mwisho hawalijui, na ndilo lililonifanya niandike.

Ile Jumatano saa moja asubuhi, kabla Koko hajakata roho, sauti ilikuja kama kawaida. Niliisikiliza kwanza, kwa sababu pumzi ilikuwa fupi. Koko alisema, "Mume wangu, leo sina nguvu za kukuombea. Leo uniombee weye."

Basi. Hakuna sweta, hakuna swala. Nikajisemea kwamba hii itamvuruga, wakubwa wanamtazama jioni. Nikatuma ya zamani, ndiyo iliyokuwa ya kwanza, kabla hata ya kifo. Nikaingia kazini. Saa sita mchana Koko akawa hayupo, na aliyemwomba amwombee alikuwa akifanya mazoezi ya kudaka mipira, hajui kitu.

Mungu wangu, alikuwa na saa tano nzima za kumwombea! Nilizichukua mimi!

Siwezi kumtumia, amenifunga. Kwa watoto wangu siwezi kuipitisha, si mzigo wa mtoto. Anayezungumza naye kila Jumapili ni Mjomba, yule aliyenikana. Mlango sasa ni yeye. Mwezi uliopita nikameza hasira zangu zote nikaenda kwake, nikapiga magoti kwenye zulia lake, nikamsikilizisha. Mjomba alilia alipoisikia sauti ya mama yake. Alilia sana. Nikamwambia, "Mtumie, Mjomba. Ni ya kwake."

Akafuta macho, akanirudishia simu.

"Tusimusumbue sasa," akasema. "Amalize msimu kwanza."

Wewe unayesoma, kama umeshika neno la mtu mwingine kwenye simu yako, usilipime kama litamfaa au litamwumiza. Si lako. Lipeleke leo, hata ukimkuta kazini, hata ukimkuta barabarani. Nakuambia mimi, ambaye Koko wangu bado anaomba aombewe, na aliyeombwa hajasikia.