Kiti cha Mtafsiri wa Filamu

Mwende anamjua fika mtafsiri wa banda la video la Kisauni: hajui Kihindi hata neno, na hilo halijapata kumziba mdomo. Hukohoa, hufuta maikrofoni kwa ncha ya kikoi, na paa wa ile katuni kuukuu ya Kihindi, kisa cha Kibudha, huanza kusema Kimvita safi. Kiti chake chenye mto hakikaliwi na mtu mwingine, hata amlilie.

Jana kwenye katuni, ambamo paa huchinjwa kwa zamu jikoni kwa sultani, zamu ilimfika paa jike mwenye mimba. Mwende, mjamzito naye, alikuwa amesimama ukutani kwa kukosa nafasi. "Mwacheni mama wa watu!" mtafsiri akanguruma, sasa ndiye mfalme wa paa. "Nichinjeni mimi!" Na bila kukatiza maneno akainuka, akamsukumia Mwende kiti kwa mguu.