Sauti Yangu Ilivyonitangulia Msibani

Mhusika wa aibu hii ni fundi kompyuta Lemburis, wala simwonei. Nilimwomba aniunganishe na ule mtandao ambao kompyuta za watu hupeana mafaili moja kwa moja, bila ofisi wala msimamizi (hilo peke yake lingetosha kunitisha), kwa kuwa nilitamani nyimbo za zamani za kwaya. Aliniunganisha, akaondoka bila kunieleza kwamba folda ninayopokelea ndiyo hiyohiyo wengine wanayochukulia.

Mimi ni mtumishi mstaafu, nimechoka kusikia wasifu wa marehemu ukisomwa kwa tarehe za kubuni, hivyo wa kwangu niliurekodi mwenyewe kwa sauti yangu, uchezwe siku ya mazishi yangu, nikauhifadhi pamoja na nyimbo ili usipotee.

Jumamosi nilikwenda sokoni Kwa Mrombo kununua kabichi, simu nikaisahau nyumbani. Niliporudi Olmotonyi ukungu wa Meru ulikuwa umeshuka hadi kwenye migomba, na ndani ya ukungu huo mtu alikuwa akisema taratibu, "Ninyi mnaonisikiliza, sipo nanyi tena." Sauti ilikuwa yangu. Ikawataja wazazi wangu, shule yangu, cheo changu cha mwisho (bila kosa hata moja), nami nikajikuta nimevua kofia.

Uani palikuwa na turubai, viti na spika. Mwalimu wa kwaya, ambaye Lemburis alimuunganisha pia na mtandao ule, alikuwa ameikuta faili ile, akanipigia simu ikaita bila kupokelewa, akaamini nimekufa, akawaarifu watu.

Dada yangu Ndeskoi, aliyetoka Tengeru mbiombio, ndiye aliyeniona kwanza. Hakupiga kelele. Alirudi nyuma.

"Kaka, umefuata nini?"

"Nimefuata nyumba yangu!"

"Basi nipe mkono, nione kama una joto."

Nikampa, mbele ya umati.

"Jamani, marehemu katuletea kabichi!" mama mmoja akasema, watu wakacheka, lakini hakuna aliyenisogelea, na kule kwenye spika niliendelea kuwaaga.

Nilifuta faili siku hiyohiyo, nikamwandikia Lemburis kumuuliza kama imekwisha. Lemburis akanijibu kwa utulivu: "Shikamoo mzee. Hiyo haifutiki sasa. Kila aliyeichukua anawagawia wengine." Wako wapi, hajui. Yaani mahali fulani, kwa watu nisiowajua, nazikwa kila siku.

Sitahifadhi tena neno langu kwenye mashine yoyote. Lakini juzi Ndeskoi aliniambia waziwazi, "Kaka, wakinipigia tena kwamba umekufa, mimi sitoki Tengeru."

Kwa hiyo namtaka fundi Lemburis ajibu kwa maandishi, nakala kwa dada yangu: siku nitakapokufa kweli, ni nani atakayekuja kunizika?