Ng'ombe Walioko Murangi

Wifi yangu Wankyo alikuwa mtu wa kucheka hata akiwa na jino lililovunjwa. Mwaka ule wa shida, tulipokuwa tunafulia majani ya mpapai kwa kukosa sabuni, alikuwa ameolewa Butiama na mwanaume wa kupiga.

Sisi tulikaa Manyamanyama na baba yake, mzee Keraryo. Mzee alipolazwa Musoma kwa ajili ya macho, wezi walikomba zizi lote. Akarudi haoni, na presha juu. Mume wangu Mseti akaniambia, "Tukimwambia, tutamzika." Akamdanganya kwamba ng'ombe amewawekesha kwa rafiki yake kule Murangi, kukwepa wezi. Huku tulikuwaga tunafanya hivyo, kwa hiyo mzee aliamini. Kila jioni aliwaulizia, na Mseti aliwazalisha ndama kwa mdomo. Mimi roho ilikuwa juu: ipo siku watahitajika.

Mzee aliposikia Wankyo kavunjwa jino la pili, hakutuuliza. Alimtumia ujumbe kwa mtu aliyekuwa akienda mnadani: rudi nyumbani, mahari ya huyo nitairudisha, ng'ombe ninao. Wankyo akaja na mtoto mgongoni. Haukupita muda mumewe akatokea na wazee wawili.

"Shikamoo, baba. Nimefuata ng'ombe wangu. Kama hawapo, nimefuata mke."

"Wapo! Mseti, nenda Murangi ukawaswage."

Mseti akainama kama anafunga kamba za viatu, na miguuni ana katambuga za tairi, hazina kamba.

"Wifi, mbona hunitazami?" Wankyo akaniuliza. "Kaka, ng'ombe wapo au hawapo?"

Akilini nikamwona anarudishwa Butiama mchana ule ule.

"Waliibwa, baba," Mseti akasema chinichini. "Wote. Ukiwa hospitali."

"Mzee, unanichezea?" Mkwe akamshika Wankyo mkono.

Mzee hakuanguka kama tulivyoogopa. Alipapasa mpaka akaupata mkono wa pili wa binti yake.

"Ng'ombe sina. Utanidai mimi. Huyu haondoki. Na wewe Mseti, mwongo mkubwa, simama mlangoni uwe na faida."

Wale wazee wakamsihi mkwe amwachie. Akamwachia, akatoka akiapa kurudi na vijana wa ukoo wake.

Hakurudi. Lakini Wankyo alizeekea kwetu, na mbwa akibweka alimnyanyua mtoto, miaka ya baadaye mjukuu, tayari kukimbia, ndipo akauliza ni nani.